Uchovu wa Bi. Salomea

Salomea Wrzosek aliimba katika jumba la opera la mji wetu wa Łódź kwa zaidi ya miaka thelathini, na katika muda wote huo sikumbuki siku niliyomwona hajachoka. Mimi nilikuwa mwanakwaya tu, sauti ya chini ya kike, na kiti changu katika chumba cha kuvalia kilikuwa ubavuni mwa chake. Alikuwa akiingia, anavua koti lenye theluji, anakaa, anajitazama kwenye kioo kama unavyomtazama mgeni aliyezidisha siku za kukaa nyumbani kwako. Kisha ananigeuzia mgongo.

"Honorata, mwenzangu, nifungie hizi kamba za gauni kabla sijafa nimesimama."

"Hufi leo. Leo una mistari minne tu."

"Hiyo minne ndiyo inayoua. Ukiimba sana unasahau mwili. Ukiimba kidogo unasimama kitendo kizima cha opera unausikiliza unavyouma."

Alizaliwa katika nyumba za wafanyakazi wa kiwanda cha nguo, zile za matofali mekundu, choo uani, makaa ya mawe chini ya ngazi. Mama yake, Teofila, alikuwa mfumaji. Mitambo ya kufumia ilimla masikio kabla hajafika miaka thelathini, kama ilivyowala wenzake wote wa ukumbi ule. Wanawake wale walizoea kuzungumza kwa midomo bila sauti, kutoka mtambo mmoja hadi mwingine, na walikuwa wakisengenyana hivyo kutwa nzima bila msimamizi kuambulia kitu. Nyumbani, mtoto alipotaka mkate ilibidi apige kelele au aje asimame mbele ya uso wa mama atamke polepole. Salomea alifanya yote mawili. Nadhani ndiko ilikotoka ile sauti yake: nzito, yenye giza, inayoanzia chini kabisa na kufika kiti cha mwisho bila yeye kujikaza.

Baada ya vita aliingia kwaya ya kiwanda. Mwalimu mmoja wa muziki akamsikia, akampeleka chuo, na alipomaliza opera ikamchukua. Alidhani ameshafika. Lakini kwa sauti kama ile kuna kazi za aina mbili: malkia wachache, na mayaya wengi. Yeye alipewa mayaya. Alikuwa yaya, mama mkwe, mchawi, mpiga ramli, na pale alipokuwa bado mwembamba alivalishwa suruali akawa tarishi wa kiume. Malkia walikwenda kwa wengine. Kila mara palikuwa na mwenye shingo ndefu kuliko yeye, au mwenye mume anayejuana na wakubwa. Salomea hakuolewa. Aliishi na mama yake ghorofa ya tatu, vyumba viwili, na asubuhi alipanga foleni ya nyama kama sote.

Mwaka wa sitini na nne mwongozaji mmoja wa filamu alikuja kuketi kwenye mazoezi yetu. Mrefu, skafu shingoni hata ndani ya joto, anatafuna njiti ya kiberiti. Hakuwa akisikiliza chochote. Alikuwa akizitazama nyuso za watu. Mazoezi yalipokwisha akamfuata Salomea penye ngazi.

"Bi. Salomea, nina mjane wa kijijini. Uso wako ndio wenyewe."

"Asante kwa sifa. Huyo mjane ana watoto?"

"Ana kijana mmoja, amerudi kutoka vitani."

"Na huyo mwigizaji wa kijana ana umri gani?"

"Thelathini na mbili."

"Mimi nina thelathini na tano, bwana."

"Najua," alisema yule mtu bila haya. "Haionekani."

Sisi wanakwaya tulicheka mpaka tukashikana mabega. Salomea naye alicheka, kisha akakubali. Walimpiga picha kwenye mashamba nje ya mji mwezi wa Machi, barafu inapoyeyuka na udongo unapomeza buti. Alisimama kwenye matope asubuhi, akarudi jioni kuimba mchawi, na vipodozi vya mjane vikiwa bado nyuma ya masikio. Alijipa moyo kwamba huko angalau ana maneno. Mjane yule alizungumza sana, alikuwa na hotuba nzima kwa mwanawe mbele ya zizi lililoungua.

Filamu ilipokwisha kukatwa na kuunganishwa wakamwita studio kurekodi maneno yake upya. Alirudi mapema kuliko nilivyomtegemea. Akakaa, hakuvua hata kofia.

"Wamechukua mtangazaji wa redio," alisema. "Yule wa tamthilia za Jumapili, mwenye kasauti ka kutetemeka."

"Kwa kazi gani?"

"Kwa mdomo wangu. Mwongozaji anasema sauti yangu inatoka kaburi la mfalme, haitoki zizini. Uso wataubakiza, sauti wataweka ya yule."

"Salomea! Na wewe ukasema nini?"

"Nilisema sawa. Nilikuwa nimesimama tangu alfajiri, Honorata. Ukitaka mtu akubali jambo lolote, msimamishe tangu alfajiri."

Tulikwenda kuitazama sisi watatu, mimi, yeye na Bi. Teofila, katika ukumbi wa sinema karibu na soko. Bi. Teofila alivaa brochi yake, lile pambo la kifuani. Sinema hakuwa mgeni nayo. Alipenda kukaa karibu na skrini na kusoma midomo, na mara nyingine alitueleza waigizaji walichotamka kweli, kilichokuwa tofauti na tulichosikia. Ile hotuba ya zizini ilipofika, watu ukumbini walianza kupenga makamasi. Mimi nilikuwa nikisikia ile sauti nyembamba ya mtangazaji ikitetemeka, nikawa natamani kumziba masikio rafiki yangu. Salomea alikuwa ametulia, mikono mapajani.

Taa zilipowaka mama yake alimshika kidevu, akamgeuza usoni, akasema kwa ile sauti ya juu ya watu wasiosikia, akimwita kwa jina la utotoni, ukumbi mzima ukasikia:

"Umesema vizuri, Salcia! Kila neno nimelipata! Sauti yako ni nzuri!"

Watu waligeuka, wengine wakatabasamu. Salomea alimbusu mkono. Tulipofika nje, mama akiwa mbele anatafuta tramu, nilimuuliza kama atamwambia.

"Nimwambie nini? Yeye peke yake ndiye aliyenisikia mle ndani. Acha."

Baada ya hapo filamu zilimjia, nyingi, zote ndogo. Alikuwa mtawa, muuza siagi, mlinzi wa gereza la wanawake, maiti mara moja. Ile ya maiti aliipenda kupita zote. Walimlaza kitandani na akasinzia kweli, mpaka wakamwamsha na kumsifu kwa utulivu wake.

Ndipo ilipokuja tamthilia ya televisheni. Ilihusu jengo moja la zamani na familia zinazoishi humo, na yeye alipewa Bi. Frania, mtunza jengo, mwenye ufagio na kitambaa kichwani. Ilikuwa mwaka wa sabini na nne. Mama yake alikuwa hawezi tena kupanda ngazi za opera, ambako hata hivyo hakuwa akisikia kitu, lakini televisheni ilikuwa sebuleni. Kwa ajili hiyo Salomea alikubali. Safari hii sauti walimwachia. Katika kipindi cha kwanza mpangaji mmoja anaingia na matope, na Bi. Frania anamwambia kutoka chini ya ngazi, "Pangusa miguu!" Mwandishi hakukusudia kuchekesha. Lakini Salomea aliyasema maneno yale kwa pumzi ya opera, kutoka chini kabisa, yakapanda ngazi ghorofa zote na kurudi, na nchi nzima ikaanguka kwa kicheko.

Basi ikawa ndiyo hiyo. Watoto walimpigia kelele kutoka madirishani. Daktari alimpokea mlangoni kwa maneno hayo. Padri alimnong'oneza baada ya misa. Kondakta wa tramu alikuwa akitangaza kituo chetu na kuongeza, "Na Bi. Frania anasemaje?" na gari zima likaitika. Salomea alitabasamu kwa kila mmoja. Alikuwa na tabasamu maalumu, la upande mmoja, alilolipata kwa kuigiza mayaya. Asubuhi studio, adhuhuri mazoezi, jioni jukwaa, kisha nyumbani kumchemshia mama supu ya bitiruti na kumsaidia kulala. Siku moja nilimkuta amekaa kwenye ngazi za nyuma za opera na kiatu kimoja mguuni, cha pili mkononi.

"Unafanya nini?"

"Nilikuwa navaa au navua, sikumbuki. Nikasema nikae nifikiri."

Bi. Teofila, kwa upande wake, hakuwahi kufurahi vile maishani. Alisogeza kiti mpaka goti likagusa televisheni. Majirani walijaa sebuleni, na yeye akiwafafanulia midomo ya binti yake ingawa wote walikuwa wakisikia.

Alifariki Novemba ya sabini na saba, usingizini. Tulimzika mvua ikinyesha, ile mvua ya Novemba isiyo na mwisho, na kaburi lilikuwa limejaa maji chini. Wafumaji wenzake wazee walikuja wakiwa na vitambaa vyeusi, wakiagana na marehemu kwa midomo bila sauti, jambo ambalo bado likinijia usiku linanikosesha usingizi. Tulipokuwa tunaondoka, mchimba kaburi, mtu mzima mwenye masharubu yaliyolowa, alimsogelea Salomea. Alivua kofia. Alitaka kusema neno la huruma na hakulipata, basi akaparuza buti zake kwenye jiwe, moja na nyingine, akasema kwa upole:

"Nishapangusa, Bi. Frania. Nishapangusa."

Salomea akampa lile tabasamu. Tulipokaa kwenye tramu ndipo aliponigeukia.

"Nimetabasamu, Honorata. Mama hata udongo haujamkalia sawa, nami natabasamu."

"Yule mtu hakukusudia vibaya."

"Najua. Laiti angekusudia vibaya. Ningempiga kofi, ningepumzika."

Miaka miwili baadaye malkia akaja. Mtunzi mmoja wa mjini kwetu alikuwa ameandika opera mpya kuhusu malkia mzee aliyewazika wanawe wote vitani, na kiongozi wa okestra, bwana Hipolit Żeleński, akampa Salomea. Alikuwa na miaka hamsini. Wapo waliosema amepewa kwa sababu ya televisheni, ili viti vijae, na yumkini ni kweli. Salomea mwenyewe hakuuliza. Alijifunza ile kazi kama msichana. Alikataa vipindi kadhaa vya tamthilia, akaacha sigara, akanifukuza chumbani mara mbili kwa sababu napumua kwa kelele.

Siku ya onyesho la kwanza mimi nilikuwa jukwaani na kwaya, wanawake wa mji wanaomsubiri malkia. Mlango mkubwa ukafunguka, naye akaingia peke yake, amevaa nyeusi tangu kichwani hadi chini, hana taji. Okestra ilikuwa kimya. Mtunzi aliuandika ule ukimya makusudi. Salomea alipiga hatua tatu kuja mbele. Na kutoka roshani ya juu, mahali wanapokaa wafanyakazi wa viwanda walioletwa kwa mabasi, mtu akasema, wala si kwa nguvu:

"Pangusa miguu!"

Jumba lote likacheka. Hakikuwa kicheko cha dhihaka. Kilikuwa cha upendo, kama unavyomchekea shangazi aliyechelewa chakulani. Wengine wakapiga makofi. Bwana Hipolit aliinua fimbo na hakujua aishushe wapi. Mimi nilikuwa umbali wa mkono kutoka kwa Salomea, nikaona mdomo wake unaanza kwenda upande, lile tabasamu likija. Kisha likasimama njiani. Akakaa hivyo, uso umeganda nusu, akawangoja. Hakufanya ishara yoyote. Alingoja wacheke mpaka kicheko kikaishiwa, na kikohozi cha mwisho kikanyamaza, na bado akangoja. Ndipo alipomwinamishia kichwa bwana Hipolit, na okestra ikaanza.

Kitendo cha kwanza hakuimba vizuri. Nasema ukweli. Alikuwa anajilinda, anabana. Wakati wa mapumziko nilimpelekea chai, akanywa akitazama ukuta.

"Vipi?" akaniuliza.

"Unaimba kama uliyebeba ndoo ya maji."

"Nimeibeba kweli. Hivi wewe ulizaliwa na ulimi huo au uliununua?"

"Iweke chini, Salomea. Wameshacheka. Hawatacheka tena."

Katika kitendo cha mwisho malkia anaimba akiwa amekaa sakafuni kati ya nguo za wanawe. Pale aliiweka chini. Sijui namna ya kueleza. Sauti haikuwa kubwa, ilikuwa imechoka, na hakuificha tena. Kila mwaka wa foleni na matope na mistari minne ulikuwa mle ndani, na ulisikika mzuri. Roshani ya juu ilikuwa kimya kama kanisa. Tulipotoka jukwaani akaniambia nimfungue kamba haraka, anataka kulala.

Opera ile ilidumu misimu miwili. Mabasi yaliendelea kuja. Jioni nyingine mtu alisema yale maneno, jioni nyingine hakusema, na Salomea alingoja kila mara bila kukasirika.

Halafu Desemba ya themanini na moja vikaja vifaru barabarani na utawala wa kijeshi. Simu zilikatwa, na kwenye televisheni watangazaji walisoma habari wamevaa sare za jeshi. Waigizaji wa nchi nzima wakakubaliana kimya kimya wasitokee tena kwenye televisheni, kuupinga utawala huo. Baada ya mwaka mpya bwana mmoja kutoka televisheni alikuja opera, mpole, mwenye glavu za ngozi. Nilikuwepo chumbani, hakujali.

"Bi. Salomea, watu wanahitaji kucheka kipindi hiki. Tunamrudisha Bi. Frania. Gari litakufuata nyumbani."

Salomea alikuwa ameloweka miguu kwenye beseni.

"Hapana, bwana. Nimechoka."

"Nani amekwambia useme hivyo?"

"Magoti yangu."

"Fikiria vizuri. Kuna watu watalielewa vingine neno hilo."

"Walielewe wanavyotaka. Nimechoka. Nipatie hiyo taulo, tafadhali."

Yule bwana, masikini, akampa taulo, akaondoka. Nami, kwa kuwa sikuambiwa ninyamaze, nikawasimulia wanakwaya. Kesho yake mji mzima ulikuwa unajua kwamba Salomea Wrzosek amekataa. Jumamosi tulipanga foleni ya nyama pamoja, baridi inakata pua, na mwanamke mmoja wa mbele, mnene, mwenye shali ya kijivu, akageuka akamtambua. Nilijikaza nikisubiri yale maneno. Yule mama akamshika mikono yote miwili, akaibusu.

"Piteni mbele, mama. Jamani, mpisheni!"

"Usifanye hivyo," Salomea alisema. "Kuna makosa hapa. Mimi nilisema nimechoka tu, basi. Si shujaa, nimechoka."

"Sote tumechoka, Bi. Salomea!" yule mama akapaza sauti, na foleni nzima ikaitika, "Kweli! Sote!" Askari waliokuwa kwenye kona wakageuza vichwa.

Walitusukuma mpaka kaunta. Tukarudi na mbavu za nguruwe, kitu ambacho hatukuwa tumekiona tangu vuli. Njiani alitembea mfuko umemlalia kifuani.

"Umesikia alivyoniita?" akaniuliza hatimaye.

"Nimesikia."

"Salomea. Wala hakufikiri mara mbili." Akavuta pua. "Zile mbavu tutazipika na kabichi chachu au na maharage?"

"Kabichi."

"Kabichi, ndiyo."

Tamthilia haikurudi, na filamu zikamsahau. Aliendelea kuimba mpaka themanini na tano, tena mayaya, kwa sauti iliyokuwa ikikauka pembeni. Walipomuaga walimpa maua na birika la umeme. Waliomba awaimbie kidogo, akasema birika ni zuri sana, akaketi.

Alihamia kwenye kibanda cha bustani nje ya mji, alichokiboresha kwa mbao na jiko la makaa. Alipanda matango na zabibu za miiba. Wanafunzi wachache wa uimbaji walimfuata huko wakitaka mafunzo, akawapa majembe. Mimi nilikwenda kila wiki, tukatia matango kwenye mitungi ya kioo kwa chumvi na bizari, tukatukana magoti yetu. Mchana alilala, usingizi mzito wa kukoroma, mdomo wazi, na akiamka uso wake ulikuwa umejikunjua kama wa mtu mwingine. Hata nilipomjua akiwa kijana hakuwa na uso huo. "Naanza kuzoea," aliniambia kiangazi kimoja akiwa bado na alama za mto shavuni. "Kumbe ndivyo watu wanavyojisikia siku zote."

Alifariki Februari ya tisini na sita, ardhi ngumu kwa barafu kiasi kwamba walichimba kwa mashine. Tulikuwa watu wachache, kwaya ya zamani na majirani wa bustani. Gazeti la mji liliandika kwamba amefariki mwigizaji maarufu wa televisheni, likaeleza Bi. Frania kwa kirefu, na mwishoni likaongeza kwamba marehemu alikuwa pia akiimba. Nilitaka kwenda ofisini kwao niwaambie. Nilivaa hata koti. Kisha nikafikiri jinsi ambavyo yeye angenitazama, nikalivua, nikafungua mtungi mmoja wa matango, nikala nimekaa.